Mkanda wa mpira kwa bega lililokaza: nianze wapi, na niuvute kwa nguvu kiasi gani?

Chaki Nyeupe (mwanzilishi wa mada)

Habari zenu, wanajukwaa. Mimi ni mwalimu mwenye umri wa miaka 46, na kwa zaidi ya miaka 20 nimekuwa nikiandika ubaoni kwa mkono wa kulia. Tangu miezi minne iliyopita bega la mkono huo limeanza kunisumbua. Nikiinua mkono kuandika mstari wa juu kabisa wa ubao nahisi kitu kinabana juu ya bega, hasa mkono unapopita usawa wa kifua na kabla haujafika juu, na nikitaka kujikuna mgongoni mkono hauendi mbali kama zamani. Sikuanguka wala sikugongwa, na usiku nalala vizuri isipokuwa nikiulalia upande huo.

Ndugu yangu mmoja alinipa mkanda wa mpira wa mazoezi, ule mrefu na bapa usio na vishikio, akaniambia niuvute kila siku mpaka bega “lifunguke”. Kwa wiki mbili nimeufunga mlangoni na kuuvuta kwa nguvu zangu zote, mara 50 asubuhi na mara 50 usiku, tena haraka haraka ili niwahi kazini. Bega limezidi kuuma, na wepesi nilioutarajia sijauona.

Nina maswali matatu. Je, mkanda wa mpira unaweza kweli kurudisha wepesi wa kiungo, au kazi yake ni kujenga misuli tu? Ni mazoezi gani yanayofaa, na mkanda uwe mgumu kiasi gani? Na la mwisho, nitajuaje kwamba bega langu ni la kufanyia mazoezi nyumbani na si la kupeleka hospitali?

Mwogeleaji wa Zamani

Pole sana, mwalimu. Mara 50 kwa pupa huku unatazama saa ni kuliadhibu bega lililokwisha kuumia. Acha mara moja.

Sisi tuliokuwa tukiogelea kwa mashindano tulikuwa na zoezi moja tulilolifanya kila siku kabla ya kuingia majini, na mabega yangu bado yananishukuru kwa hilo. Shika mkanda kwa mikono miwili mbele ya mapaja, mikono ikiwa imetanuka kuliko mabega na viwiko vikiwa vimenyooka, kisha uinue taratibu, uupitishe juu ya kichwa, uushushe nyuma mpaka uguse makalio, na uurudishe kwa njia ileile. Mkanda ukikaza sana, tanua mikono zaidi. Fanya mara 10 hadi 15 na baada ya mwezi utaona tofauti.

Tabibu wa Viungo

Mwalimu, pole kwa maumivu. Kazi yangu ni fiziotherapia, na nitaanza na swali lako la tatu kwa sababu yale mawili ya kwanza hayajibiki bila hilo. Kwa heshima zote kwa ndugu yetu mwogeleaji, zoezi alilolitaja nalifahamu na nimewahi kulielekeza, lakini nisingelianza nalo kwa bega linalouma, nitaeleza sababu.

Kwanza jipime. Lala chali, kunja kiwiko cha mkono wa kulia kwa pembe mraba, kibane ubavuni, kisha mwombe mtu ausukume mkono wako kwa upole kuelekea nje huku wewe umelegeza misuli kabisa. Linganisha na mkono wa kushoto. Baada ya hapo fanya mwendo uleule kwa nguvu zako mwenyewe. Mkono ukigoma mahali palepale, ausukume mwenzako au uusukume wewe, kizuizi kimo ndani ya kiungo chenyewe: mara nyingi ni mfuko unaokizunguka kiungo ambao umekakamaa, au ni gegedu iliyolika. Ikiwa mwenzako anaufikisha mbali kuliko unavyoweza kuufikisha wewe, basi nafasi ya kusogea ipo, na kinachokosekana ni misuli ya kuitumia, ama kwa kuwa imedhoofika, ama kwa kuwa inajihami dhidi ya maumivu. Hali hii ya pili ndiyo ambayo mkanda wa mpira unaisaidia zaidi. Ile ya kwanza inahitaji uchunguzi kabla ya mazoezi.

Weka mkanda pembeni na uende hospitali ikiwa mkono ulishindwa kuinuka ghafla baada ya kuanguka au kuvuta kitu kizito, ikiwa bega limevimba na lina joto pamoja na homa, ikiwa maumivu yanakuamsha kila usiku hata usipolilalia, ikiwa ganzi au udhaifu unashuka mpaka vidoleni, au ikiwa bega limewahi kuteguka na kutoka mahali pake. Naongeza moja ambalo watu husahau: maumivu ya bega yanayokuja pamoja na kubanwa kifua, kutokwa na jasho au kukosa pumzi yanaweza kuwa ya moyo, na hayo ni dharura.

Sasa tuje kwenye bega lenyewe, kwa sababu ukilielewa hutahitaji kukariri mazoezi. Kichwa cha mfupa wa mkono ni kikubwa, na shimo linalokipokea kwenye kombe la bega ni dogo na halina kina, mfano wa mpira uliowekwa juu ya kisosi. Ndiyo maana mkono unaweza kufika karibu kila upande, na ndiyo maana pia mpira huo ungeteleza kila mara kama usingeshikwa. Wanaoushika ni misuli minne midogo inayoanzia kwenye kombe la bega, mmoja juu, miwili nyuma na mmoja mbele, ambayo kano zake hukizunguka kichwa cha mfupa na kukibana katikati ya kisosi wakati misuli mikubwa ya nje ikifanya kazi ya kuinua. Mwaka 1944 mtafiti Inman na wenzake walionyesha kwamba mkono hauinuki kwa kiungo kimoja tu: kwa wastani, kila nyuzi 2 zinazotoka kwenye kiungo cha bega huandamana na nyuzi 1 ya kombe kuzunguka juu ya mbavu. Katika nyuzi 180 za kuinua mkono mpaka juu, takribani 120 ni za kiungo na 60 ni za kombe. Kwa hiyo mwalimu anayeandika juu ya ubao kwa miaka 20 huku kombe lake limezembea anakidai kiungo kimoja kazi ya viungo viwili. Maumivu unayoyasikia mkono unapopita usawa wa kifua, yaani takribani kati ya nyuzi 60 na 120, huwa tunayaona kwa watu ambao kano hizo zimelemewa.

Jaribu jambo moja sasa hivi ukiwa umekaa. Jikunyate, pinda mgongo wa juu kama mtu aliyeinamia daftari za kusahihisha, na uinue mkono mpaka ugome. Ushushe, kaa wima, uinue tena. Utaona umepata nafasi ya ziada bila kunyoosha kitu chochote begani, kwa sababu uti wa mgongo ulionyooka huliachia kombe njia ya kupita.

Kuhusu swali la kwanza, jibu langu ni ndiyo, lakini si kwa namna aliyokueleza ndugu yako. Hakuna kitu ndani ya bega lako kinachosubiri kuvutwa kwa nguvu mpaka kifunguke. Mkanda huipa misuli kazi nyepesi katika sehemu ile ya mwendo ambayo mwili umeacha kuitumia, na misuli ikishaimudu sehemu hiyo, mwili huacha kuikinga. Wepesi usio na nguvu nyuma yake haudumu; asubuhi unakuwa nao, mchana umetoweka.

Hapa ndipo unapopaswa kuujua mkanda wako vizuri. Dambeli ina uzito uleule popote ulipo mkono, lakini mpira hukaza kadiri unavyorefuka, na kipimo chake ni asilimia ya urefu ulioongezeka. Mkanda wa mita 1 ukivutwa mpaka mita 1.5 umeongezeka asilimia 50. Ukiukata, au ukiushika kwa namna ya kubakiwa na nusu mita tu, kuvuta umbali uleule wa nusu mita kunauongeza asilimia 100, na bega linapambana na nguvu kubwa zaidi kwa mkanda uleule. Ukiukunja mara mbili, ni kama unavuta mikanda miwili badala ya mmoja. Tena nguvu hiyo hufikia kilele chake mwishoni mwa mwendo, mahali ambapo bega linalouma huwa dhaifu kuliko kwingineko. Mtu anayechukua mkanda mgumu hufanya vizuri mwanzo wa mwendo, kisha huishia nusu ya njia, na ile sehemu aliyokuja kuitafuta haigusi kabisa. Chukua mkanda mwepesi kuliko unavyodhani unastahili. Rangi zisikudanganye, kwa maana kila mtengenezaji ana mpangilio wake.

Zoezi ambalo ningekupa la kwanza ni la kuzungusha mkono kuelekea nje. Funga mkanda kwenye kitu imara, usawa wa kiwiko. Simama ubavu ukiuelekea, mkono usiouma ukiwa upande ulipofungwa mkanda na mkono unaouma ukiwa upande wa mbali. Kunja taulo ndogo, uibane kati ya kiwiko na ubavu. Kazi ya taulo ni kukizuia kiwiko kisitoroke na kuifanya misuli ya nyuma ya bega ifanye kazi badala ya misuli mikubwa ya nje. Kiwiko kikiwa kwenye pembe mraba na kiganja kikielekea tumboni, zungusha mkono kuelekea nje kwa sekunde 2 hadi 3, tua kidogo, kisha urudi kwa sekunde 4. Kurudi taratibu ndiko watu wanakokuruka, na kwa kano kurudi kuna kazi kubwa kama kwenda. Kifundo cha mkono kibaki kimenyooka. Kikipinda, unafanya mazoezi ya kigasha. Mkanda uwe umenyooka bila kulegea unapoanza, na mwishoni mwa mwendo uweze kukaa sekunde 2 bila kutetemeka. Ukitetemeka, sogea karibu na kilipofungwa.

La pili, na kwako wewe pengine ndilo muhimu zaidi, linafanana na kazi yako. Tumia mkanda mfupi wa duara, au fundika ule mrefu uwe duara, uuvae kwenye vifundo vya mikono. Simama ukiuelekea ukuta, egemeza vigasha vyote viwili ukutani, utanue mikono kidogo ili mkanda ukaze, kisha uteleze vigasha kwenda juu huku ukiendelea kuusukuma mkanda nje. Mkanda unailazimisha misuli ya kuzungusha nje ibaki macho wakati mkono unainuka, na ule msuli mpana wa ubavuni unaoshikilia kombe kwenye mbavu unapata kazi yake. Ukifika juu, usukume ukuta kidogo kana kwamba unataka kuuhamisha, kisha ushuke.

La tatu ni kuvuta mkanda kuelekea mbavuni ukiwa umeufunga mbele yako usawa wa kifua, viwiko vikipita karibu na mwili, makombe yakikaribiana nyuma bila kuyabana kupita kiasi. La nne ni kuutandaza mkanda mbele ya kifua kwa mikono iliyonyooka. Haya mawili ni rahisi na sitayarefushia maneno, ila katika lile la nne uangalie mabega yasipande masikioni.

Kiasi: seti 2 au 3 za marudio 10 hadi 15, siku moja fanya na nyingine upumzike. Ukifikisha 15 bila shida kwa vipindi viwili mfululizo, sogea mbali kidogo na kilipofungwa kabla ya kubadili mkanda. Maumivu uyapime kwa kiwango cha 0 hadi 10. Yakiwa 3 au chini, na kesho yake saa ileile bega likawa katika hali yake ya kawaida, endelea. Yakizidi hapo, au yakidumu mpaka kesho, ulizidisha, basi punguza mvuto au marudio. Usipime maendeleo kwa siku. Kano hubadilika polepole, na wiki 6 hadi 12 ni muda wa kawaida.

Kwa wiki hii, kwa kuwa umeshalichosha, usivute kabisa. Simama karibu na ukuta, kiwiko kikiwa ubavuni, na uusukume ukuta kwa mgongo wa kiganja kwa sekunde 20 hadi 30 kwa nguvu nusu, bila mkono kusogea, mara 5. Misuli itafanya kazi bila kano kusuguliwa.

Bibi Mshonaji

Wanangu, mimi ni mshonaji mstaafu na nimewahi kulipitia jambo hili kwa njia ndefu, kwa hiyo mniruhusu niongeze neno juu ya ile hali ya kwanza aliyoitaja tabibu.

Nilikuwa na miaka 53 bega la kushoto lilipoanza kuuma bila sababu, na baada ya miezi michache maumivu yakaanza kupungua lakini mkono ukawa hausogei. Nilishindwa kufunga kitambaa kichwani. Binti yangu, kwa nia njema, alininunulia mkanda mgumu, nikauvuta kwa machozi kila asubuhi. Nilipopimwa hatimaye niliambiwa kwamba ni bega lililoganda, na kwamba hutokea zaidi kwa watu wa kati ya miaka 40 na 60, wanawake zaidi kuliko wanaume, na kwamba wenye kisukari wamo hatarini zaidi. Nami kisukari ninacho. Mtaalamu aliyenipima hakuwa na mkanda wowote mezani. Aliniambia kwamba wakati wa maumivu makali kulilazimisha bega ni kulichokoza, akanipa miendo myepesi ya kuning’iniza mkono na kuupembeza, na taulo ya kuusaidia mkono kupanda mgongoni kidogo kidogo. Mkanda ulikuja baadaye sana, bega lilipokwisha kulegea, kwa ajili ya kurudisha nguvu zilizopotea. Safari nzima ilichukua karibu mwaka mmoja na nusu.

Mwalimu, una miaka 46. Kile kipimo cha kulala chali usikipuuze, na kama hujapima sukari yako siku za karibuni, pima.

Chaki Nyeupe

Shikamoo bibi, na nawashukuru nyote. Tabibu, nimefanya kipimo pamoja na mke wangu. Yeye anaufikisha mkono wa kulia karibu sawa kabisa na wa kushoto. Mimi mwenyewe nauishia mapema, na unatetemeka. Bibi, sukari nimepima na iko sawa.

Nimekaa siku saba na zoezi la ukuta na maumivu yamepungua, hivyo jana nikaanza mkanda. Yamezuka mambo matatu. La kwanza, nikitelezesha mikono ukutani bega linalia kama ukuni mkavu, ingawa haliumi. La pili, mwalimu mwenzangu wa michezo ananiambia kila mara niyashushe mabega na kuyavuta nyuma ninapoinua mikono, lakini nikifanya hivyo mkono unagoma mapema zaidi. La tatu, mkanda wangu una mikwaruzo midogo mahali unapopita kwenye kitasa. Je, bado unafaa?

Tabibu wa Viungo

Vizuri, mwalimu. Matokeo ya kipimo chako yananipa moyo: nafasi ipo, udhaifu ndio unaoificha.

Mlio usio na maumivu, usioandamana na bega kukwama au kuhisi linataka kutoka, hauna neno. Viungo vingi hulia, hata vya watu wazima wa afya.

Kuhusu mwalimu wa michezo, ushauri wake una mahali pake, ila si hapo. Unapovuta mkanda kuelekea mbavuni, kuyashusha mabega na kuyarudisha nyuma kunafaa. Unapoinua mkono juu ya kichwa, kombe linapaswa kuzunguka na kupanda. Zile nyuzi 60 nilizozitaja zinatoka hapo. Ukilibana chini kwa makusudi unaufunga mlango ambao mkono ulikuwa upitie, kisha unashangaa kwa nini hauingii. Liache lipande. Shingo tu ndiyo isikaze.

Mkanda wako utupe leo. Mpira huanza kufa kwa nyufa ndogo kama hizo, hasa unaposuguliwa na chuma au kuachwa juani, na unapokatika hurudi kwa kasi kuelekea kwenye uso, mara nyingi machoni. Ukipata mwingine, uukague kila mara kwa kuunyoosha kidogo mbele ya mwanga, uuhifadhi kivulini, usiuvute zaidi ya mara tatu ya urefu wake, na ukiufunga mlangoni uchague upande wa bawaba, mlango ukiwa umefungwa, na usimame upande ambao kuvuta kwako kunaukaza mlango kwenye fremu badala ya kuufungua. Kitasa si mahali pa kufungia. Wenye mzio wa mpira wa asili watafute mikanda isiyo na lateksi. Kuwashwa na vipele viganjani baada ya mazoezi ni dalili ya kuiangalia.

Mwogeleaji wa Zamani

Nakubaliana na mengi, ila nalitetea zoezi langu. Tumelifanya maelfu ya mara, na sijamwona mwenzangu aliyeumia kwalo. Kwa nini tunamnyima mwalimu?

Tabibu wa Viungo

Ndugu yangu, mlilifanya mkiwa vijana wenye mabega mazima, mikono ikiwa imetanuka, mkiwa na kocha anayetazama. Mkono unapopita nyuma ya kichwa, kiungo kinakuwa kimeinuka na kimezunguka nje kwa wakati mmoja, na huo ndio mkao ambao bega lililowahi kuteguka hutoka kwa urahisi zaidi. Mtu mwenye bega lililolegea kupita kiasi hahitaji wepesi zaidi, na mtu mwenye kano zinazouma hupitisha mkanda kwa kuupinda mgongo wa chini na kusukuma mbavu mbele, kisha hudhani bega limefunguka. Mwalimu akifika mahali anapoinua mikono yote miwili mpaka masikioni bila maumivu na bila mbavu kutoka, basi na ajaribu zoezi lako kwa mkanda mwepesi kabisa, mikono ikiwa imetanuka sana, na aishie juu ya kichwa kwanza. Hapo sitabishana nawe.

Mwogeleaji wa Zamani

Hapo kwenye mbavu umenikamata. Nimejitazama kwenye kioo asubuhi hii, na mgongo wangu ulikuwa umepinda kama upinde.

Chaki Nyeupe

Wanajukwaa, leo ni wiki ya saba. Siku nne kwa wiki mara nyingine zimekuwa tatu, nakiri, hasa wakati wa mitihani. Mstari wa juu wa ubao naandika bila kubanwa, ila nikiandika ubao mzima mara mbili mfululizo bega linachoka na ule uchungu unarudi kidogo, 2 kwa kiwango cha tabibu. Kuzungusha nje nafanya marudio 15 mara tatu kwa mkanda mwepesi. Kinachobaki nyuma ni mkono kupanda mgongoni: kidole gumba cha kushoto kinafika katikati ya makombe, cha kulia kinaishia juu kidogo ya kiuno. Je, niuvute kwa taulo kama alivyofanya bibi? Na swali la pembeni: vifundo vya miguu navyo vimekaza, siwezi kuchuchumaa bila visigino kunyanyuka. Mkanda uleule unafaa?

Bibi Mshonaji

Marahaba mwanangu, ile salamu yako ya mwanzo sikuijibu. Taulo ndiyo, lakini mkono ulio juu uvute kwa upole, na usimame mara tu unapohisi mbele ya bega panachoma. Mimi nilikuwa nahesabu hadi 10, napumua, nalegeza, kisha narudia mara 5. Nilipima kwa mifupa ya uti wa mgongo. Kila wiki chache nilipata mmoja.

Tabibu wa Viungo

Bibi amesema sawa, nami naongeza hila moja. Taulo ikiwa imeushika mkono mgongoni, jaribu kuusukuma mkono huo kuelekea chini dhidi ya taulo kwa sekunde 5 au 6, kwa nguvu kidogo tu, kisha ulegeze na uupandishe tena. Mara nyingi misuli hukubali sentimita moja ambayo ingeikataa kama ungevuta moja kwa moja. Usisikitike pia mikono miwili isipolingana kabisa. Mkono unaoandika na kurusha kwa miaka mingi mara nyingi haupandi mgongoni juu kama mwenzake hata kwa mtu asiye na maumivu.

Ubao mzima mara mbili mfululizo bado ni mzigo mkubwa kuliko mazoezi yako. Ongeza marudio ya kutelezesha mikono ukutani yafike 20, na ukiandika, sogea mwenyewe mbele ya ubao badala ya kuunyoosha mkono pembeni. Kiwiko kikiwa mbele kidogo ya mwili, si ubavuni kabisa, bega hufanya kazi kwa raha.

Kuhusu kifundo cha mguu, funga mkanda mgumu zaidi nyuma yako karibu na sakafu, uupitishe mbele ya kifundo, chini ya vile vifupa viwili vya pembeni, usimame ukiangalia mbele huku mkanda unavuta nyuma, kisha upeleke goti mbele ya vidole bila kisigino kunyanyuka, mara 15. Wepesi unaoupata hapo ni wa muda mfupi, hivyo mara tu ukimaliza, uutumie: chuchumaa ukiwa umeshika kitu imara, ukae huko nusu dakika, urudie mara tatu. Ikiwa mbele ya kifundo panabana kama mfupa unagonga mfupa, acha zoezi hilo na utafute mtu akupime. Mambo ya nyuma ya mguu, kwenye kigimbi, yanavutika, lakini hilo la mbele halilazimishwi.